Jina la Ulanga, Maji ya Ruiki: Mpigapicha Jack Cardiff na Sinema za Mto Rufiji



 Mihadhara ya taaluma za Kiswahili imezoeleka kuwa juu ya mshairi, au kamusi, au hati ya kale iliyookotwa katika sanduku la msikiti. Mimi naomba ruhusa nizungumze juu ya mtu ambaye hakuwa mwandishi wa Kiswahili, na ambaye sinema yake inayomhusu zaidi Mrufiji haikupigwa Rufiji. Mtu huyo ni Jack Cardiff, mpigapicha wa sinema kutoka Uingereza, aliyezaliwa mwaka 1914 na kufariki mwaka 2009. Sababu ya kumleta hapa ni jina moja tu, nalo ni jina letu: Ulanga.

Wengi wenu mmeiona sinema ya The African Queen, iliyotoka mwaka 1951. Fundi mmoja mpenda pombe na dada wa mmisionari wanateremka mto kwa mashua ya mvuke, katika Afrika Mashariki ya Wajerumani, mwaka 1914, wakikusudia kuizamisha meli ya adui. Mto huo katika sinema unaitwa Ulanga. Basi mwanafunzi yeyote aliyepitia somo la jiografia nchini Tanzania anajua kwamba Ulanga ni jina la pili la mto Kilombero, na kwamba Kilombero ukikutana na Luwegu ndipo Rufiji unapoanza. Mto wa kweli huelekea mashariki, ukapita Utete, kisha ukagawanyika katika milango mingi ya delta, katika eneo ambalo tangu katikati ya miaka ya 2010 ni wilaya ya Kibiti. Mto wa sinema hauendi baharini kamwe. Mwandishi wa riwaya, C. S. Forester, aliyeichapisha mwaka 1935, alilichukua jina na kuyageuza maji yake yamwagikie ziwani.

Mtu anaweza kusema kwamba hilo ni jambo dogo, kwani mtunzi ana haki ya kuchora ramani yake. Nakubali. Lakini Rufiji ulitoa zaidi ya jina. Vita vya ziwani vilivyompa Forester wazo la riwaya ni vile vya Ziwa Tanganyika, ambako Wajerumani walikuwa na meli ya Graf von Götzen, hiyo hiyo ambayo baadaye iliibuliwa kutoka majini na kuitwa Liemba. Mzinga mkubwa uliofungwa juu ya Götzen ulitoka delta ya Rufiji. Ulikuwa mmoja wa mizinga kumi ya manowari Königsberg.

Habari za manowari hiyo zinajulikana, nami nitazipitia upesi. Tarehe 20 Septemba 1914 iliishambulia meli ya Kiingereza Pegasus bandarini Zanzibar na kuizamisha, kisha ikarudi kujificha ndani ya delta, mabaharia wakaifunika kwa matawi ili ifanane na mikoko. Waingereza waliziba milango, wakaleta ndege, na mwaka 1915 marubani wao wakaipiga picha kutoka angani. Kwa hiyo kamera ilifika delta mapema sana, ila ilifika ikitafuta shabaha. Tarehe 11 Julai 1915, baada ya kupigwa na meli Severn na Mersey, nahodha Max Looff aliamuru manowari yake iharibiwe. Mizinga ikaopolewa na kukokotwa hadi nchi kavu kwa nguvu za watu, ikapelekwa kila upande wa vita. Mmoja wao msomaji anaweza kuuona mpaka leo katika Fort Jesus, Mombasa. Mwingine ulipanda reli mpaka Kigoma.

Hivyo, tunapoitazama The African Queen, tunatazama hadithi yenye jina la tawi la Rufiji, juu ya adui ambaye kielelezo chake cha kihistoria kilibeba mzinga wa Rufiji. Kinachokosekana ni Rufiji wenyewe. Na aliyetufanya tusiutambue ukosefu huo, tukaketi gizani tukaamini kwamba tunaona Ulanga, ni mpigapicha.

Hapa sina budi kusimama kidogo kwenye lugha, maana ndiyo inayotukutanisha. Kiswahili kina neno moja, mpigapicha, kwa yule anayetupiga picha za pasipoti na kwa yule anayebeba wajibu wa sura nzima ya sinema ya saa mbili. Kitenzi chetu ni piga, kilekile cha kupiga pasi na kupiga mbizi: tendo la mara moja, la mkono. Lakini kazi ya mtu huyu si ya mara moja. Huamua taa isimame wapi, uso uangaziwe kiasi gani, kivuli kiachwe au kiondolewe, na juu ya yote jua la saa ngapi lisubiriwe. Sidai kwamba tuunde istilahi mpya kesho. Kamati zimeunda nyingi zinazolala kabatini. Nasema tu kwamba umaskini wa neno umetufanya tuwe wavivu wa kuuliza. Tunapoandika historia ya sinema kwa Kiswahili tunataja mwongozaji na waigizaji, na yule aliyeifanya nuru tunamwacha. Hata katika mabango ya sinema za Dar es Salaam, tangu biashara hiyo ilipopamba moto mwanzoni mwa miaka ya 2000, nyuso za nyota hujaza karatasi, na jina la mpigapicha linahitaji miwani.

Turudi kwa Cardiff. Alizaliwa Great Yarmouth, tarehe 18 Septemba 1914, siku mbili kabla ya Pegasus kuzama. Wazazi wake walikuwa wasanii wa majukwaa ya burudani, na yeye mwenyewe aliigiza mbele ya kamera akiwa mtoto. Alipobaleghe alipita upande wa pili, akawa kijana wa kutumwa, kisha wa kupiga kibao, kisha msaidizi wa kamera. Mwaka 1936 kampuni ya Technicolor ilitafuta Mwingereza wa kumfundisha kazi ya sinema za rangi. Wenzake waliulizwa mambo ya ufundi wakayajibu. Cardiff alikiri kwamba hisabati za ufundi si fani yake, akazungumza badala yake juu ya wachoraji, jinsi Rembrandt na Vermeer walivyoiingiza nuru katika chumba. Wakamchagua yeye.

Kamera aliyokabidhiwa ilikuwa mzigo wa wanaume kadhaa. Ndani yake zilipita filamu tatu kwa wakati mmoja, na mche wa kioo uliigawa nuru ili kila filamu ipokee fungu lake la rangi. Nuru ikigawanywa hupungua, kwa hiyo kamera hiyo ilihitaji mwanga mwingi mno: jua kali la wazi, au taa kubwa zenye jenereta yake. Naomba mlishike jambo hilo, kwa sababu tutakapofika msituni ndilo litakalotusumbua.

Wakati wa Vita Vikuu vya Pili aliichukua kamera hiyo baharini. Western Approaches, iliyotoka mwaka 1944, ilipigwa kwa sehemu kubwa ndani ya mashua ya kuokolea watu, pamoja na mabaharia wa kweli, si waigizaji. Yeyote aliyewahi kupanda ngalawa wakati wa kusi ataelewa maana yake: chombo kinapanda na kushuka, mawingu yanapita, na uso uliokuwa kwenye jua dakika moja iliyopita sasa umo kivulini. Huko ndiko, nadhani, alikojifunza kazi ya Ulanga, ingawa waandishi hupenda zaidi kuzungumzia sinema zake za studio.

Na hizo za studio hazina budi kutajwa, maana zinaeleza jambo la pili. Mwaka 1947 ilitoka Black Narcissus, hadithi ya masista katika milima ya Himalaya. Hakuna aliyekwenda Himalaya. Milima ilichorwa kwenye vioo, na nyuma ya madirisha ziliwekwa picha kubwa zilizopakwa chaki za rangi, yote katika studio za Pinewood karibu na London. Cardiff aliweka nuru ya alfajiri baridi juu ya mbao na turubai, dunia ikaamini. Sinema hiyo ndiyo iliyompa tuzo ya Oscar ya upigaji picha. Alikuwa mtu aliyethibitisha kwamba mahali si udongo. Mahali ni jinsi nuru inavyoangukia.

Mwaka 1951 mwongozaji John Huston akampeleka mahali penye udongo. Kazi ya The African Queen ilifanyika katika Kongo ya Wabelgiji na Uganda. Huko Kongo mto uliochaguliwa uwe Ulanga ni Ruiki, unaoingia Lualaba karibu na mji uitwao leo Ubundu. Wanafunzi wa historia ya lugha watatabasamu. Huo ni ukanda ambao Kiswahili kilikuwa kimekwisha kuingia tangu enzi za misafara ya Tippu Tip. Basi mto uliovikwa jina la tawi la Rufiji ulikuwa katika nchi ambayo mpagazi wa Kilwa angeweza kuomba maji akapewa.

Maji ya Ruiki ni meusi kwa sababu ya majani yanayooza humo, na miti huinama juu yake pande zote mbili. Kwa kamera yenye kiu ya nuru, hapo ni mahali pabaya sana. Wakaunganisha vyelezo: kimoja kilibeba kipande cha mashua kilichoigizwa, kingine kamera na taa, kingine jenereta, vyote vikivutwa kwa kamba kufuata mizunguko ya mto. Kila mzunguko uligeuza upande wa jua. Mpigapicha aliyekuwa ameweka taa ikubaliane na jua la kulia alijikuta dakika chache baadaye jua liko mgongoni. Homa na magonjwa ya tumbo viliwaangusha watu wengi wa kundi. Usiku mmoja mashua yenyewe ilizama, ikalazimu kuvutwa kwa mikono hadi juu.

Mikono ya nani? Wenyeji ndio waliopiga kasia, waliobeba, waliovuta. Majina yao hayamo katika orodha inayopita mwanzoni mwa sinema. Kuna jambo jingine linalowahusu ambalo ni la kiufundi zaidi, nalo husahaulika. Kemia na vipimo vya filamu za rangi katika miaka hiyo vilikuwa vimelinganishwa na nyuso nyeupe. Mpigapicha aliyetaka uso mweusi na uso mweupe katika fremu moja, vyote vikiwa na uhai, alipaswa kuhangaika na taa. Na ambapo hakuhangaika, mtu mweusi aligeuka kuwa umbo la giza lenye macho. Tunapolalamika kwamba Waafrika wa sinema za zamani hawana nafsi, kwa kawaida tunamlaumu mwandishi. Tungefungua pia daftari la taa.

Sehemu ya mwisho ya safari, ambapo mashua inakwama katika matope na matete na Humphrey Bogart anaingia majini kuivuta, ndiyo delta ya hadithi. Waigizaji hawakuruhusiwa kuingia katika maji ya Afrika kwa kuhofia magonjwa. Pale wanapoonekana wamo majini, wamo katika tangi la studio huko Isleworth, London. Ulanga basi ulianza kama jina la kwetu, ukapata maji ya Kongo, ukaishia kwenye birika la Kiingereza.

Na hadithi haikuishia hapo, wala kwa Cardiff wala kwa Rufiji. Baadaye Cardiff aligeuka mwongozaji. Aliongoza The Lion ya mwaka 1962, iliyopigwa Kenya, na mwaka 1968 ikatoka sinema yake juu ya mamluki wa Kongo, kutoka riwaya ya Wilbur Smith. Mtu aliyekuwa ameifahamu Kongo kwa homa na jasho aliipiga sinema ya Kongo nchini Jamaica. Aliporudi kwenye kamera, Rambo ya mwaka 1985 alimpigia Vietnam yake huko Mexico. Mwaka 2001 alipewa Oscar ya heshima kwa kazi ya maisha, akiwa mpigapicha wa kwanza kuipata.

Wilbur Smith huyohuyo alikuwa na riwaya nyingine, Shout at the Devil, iliyotokana na kisa cha Königsberg katika delta yetu. Sinema yake ilitoka mwaka 1976, mwongozaji Peter Hunt, mpigapicha Michael Reed. Safari hii hadithi ilikuwa ya Rufiji waziwazi. Picha zilipigwa Afrika Kusini na Malta. Tukumbuke hali ya siku hizo: Afrika Kusini ilikuwa chini ya utawala wa ubaguzi wa rangi, nayo Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi za mstari wa mbele, ikiwahifadhi wapigania uhuru. Hivyo mto wa nchi moja uliwakilishwa na mto wa nchi nyingine iliyokuwa adui yake, na mtazamaji wa London hakuwa na njia ya kujua. Nikiri kwamba hii hunikera zaidi kuliko tangi la Isleworth.

Je, ni kosa? Ndugu wanafunzi watanikumbusha tamthilia ya Kinjikitile ya Ebrahim Hussein, iliyochapishwa mwaka 1969. Ngarambe ya Kinjikitile imo katika nchi ya Rufiji, na inasimamishwa juu ya mbao za jukwaa lolote bila tone la maji, nasi hatulalamiki. Ni kweli. Lakini jukwaa halidai kuwa Ngarambe. Mbao zinabaki mbao, na mtazamaji anashirikishwa kuumba mto kichwani mwake. Picha ya sinema inadai kuwa imeona. Nguvu yake yote imo katika dai hilo, na mpigapicha hodari kama Cardiff ndiye anayelifanya dai liaminike. Kadiri alivyo hodari ndivyo mahali pa kweli panavyozidi kufutika. Simlaumu, ninampenda, na Black Narcissus nimeitazama mara nyingi kuliko inavyomfaa mwalimu wa Kiswahili. Ila mwanahistoria anayetumia sinema kama ushahidi inampasa aulize, kabla ya kitu chochote, mtu aliyeshika kamera alisimama wapi na mguu wake ulikanyaga udongo upi.

Nchini kwetu Kampuni ya Filamu Tanzania ilianzishwa mwaka 1968, na muongo uliofuata ulileta Taasisi ya Picha na Sauti, ambamo vijana walifunzwa kamera, sauti na uhariri. Sinema kama Fimbo ya Mnyonge zilipeleka habari za ujamaa vijijini kwa magari ya sinema. Hayo yana watafiti wake, siwaingilii. Ninachotaka kusema ni kwamba leo kizuizi cha vifaa kimepungua mno. Kamera inayoona gizani vizuri kuliko ile ya Technicolor ilivyoona mchana inaingia katika mkoba wa shule. Daraja la Mkapa limevukisha magari juu ya Rufiji tangu mwaka 2003. Kutoka Dar es Salaam mtu hufika Kibiti kabla ya adhuhuri, akateremka Nyamisati akapanda boti.

Kilichobaki kuwa kigumu ni delta yenyewe, nayo ni ngumu kwa namna ambayo Ruiki haukuwa. Hapo pana hekta zipatazo 50,000 za mikoko, na wakati wa bamvua maji hupanda na kushuka zaidi ya mita tatu. Mahali palipochaguliwa asubuhi kuwa mto, mchana ni uwanda wa matope wenye mizizi iliyosimama. Niliwahi kukwama huko na boti kwa saa tano nikisubiri maji, nikiwa na kamera yangu ndogo na kiburi cha msomi, wakati kijana wa boti alikuwa amekwisha kulala. Yeye alijua tangu asubuhi.

Na hapa ndipo Kiswahili kinapokuwa chombo cha kazi. Mvuvi wa delta hutofautisha bamvua na maji mafu, kujaa na kupwa. Huuita mchu kwa jina lake, na mkandaa, na msinzi, na mkomafi, mahali ambapo mgeni angesema mikoko tu akamaliza. Kila mti kati ya hiyo una gome lake na jani lake linalorudisha nuru kwa namna yake. Mlilana hukaa ukingoni kwenye maji, mkandaa hukaa ndani penye ukavu kidogo. Mpigapicha asiyeyajua maneno haya hawezi hata kuuliza swali sahihi. Atauliza jua litachwa saa ngapi, akajibiwa, akafurahi, akakosa picha.

Kwa maana katika pwani yetu siku za bamvua maji hujaa karibu na saa kumi, alfajiri na alasiri. Anayetaka nuru ile ya magharibi, ya dhahabu, ambayo wapigapicha wote huipenda, siku hizo ataikuta vijito vikiwa bado na maji mengi, mikoko imezama hadi kwenye matawi, na mashua inapita popote. Akija juma moja baadaye, siku za maji mafu, jioni ileile, jua lilelile, maji yatakuwa bado chini baada ya kupwa, na nuru itaangukia mizizi. Mtu aliyeandika katika mswada wake neno jioni peke yake hajamwambia mpigapicha ni delta ipi anayoitaka. Itambidi aongeze mwandamo wa mwezi.